Amandina Lihamba na wasichana wa Tuseme

Nikimtaja Amandina Lihamba mbele ya vijana wa kikundi chetu cha maigizo hapa Morogoro, swali la kwanza huwa ni lile lile: amecheza muvi gani? Ni swali halali. Wamezaliwa Bongo Movie imeshashika mitaa, na kwao mwigizaji ni mtu unayemkuta kwenye kava, kwenye bango la saluni na kwenye simu. Nawajibu kwamba iko filamu moja ambayo kila Mtanzania anayejiita mpenzi wa filamu anapaswa aione, Maangamizi, ya mwaka 2001. Halafu nawaambia kwamba kazi yake kubwa haimo humo. Hapo wananitazama kana kwamba nimewazungusha, na muda wa mapumziko ya mazoezi haunitoshi kueleza. Ndiyo maana naandika.

Alizaliwa Morogoro mwaka 1944. Kwa sisi wa mji huu hilo peke yake lina uzito, maana watoto wetu wanakua wakiamini kwamba sanaa inaanzia Sinza na Kinondoni, na kwamba asiyepanda basi la Dar es Salaam hana lake.

Tuanze na filamu, kwa kuwa vijana wameuliza filamu. Maangamizi iliongozwa na Mtanzania, Martin Mhando, pamoja na Mmarekani, Ron Mulvihill. Ndiyo filamu ya kwanza ambayo Tanzania iliipeleka kuwania Oscar upande wa filamu za lugha za kigeni, na ilipita miaka zaidi ya 20 kabla nchi haijapeleka nyingine, Vuta N'kuvute, mwaka 2022. Wanawake watatu wanaibeba. BarbaraO, aliyejulikana Marekani kwa Daughters of the Dust ya mwaka 1991, ni Dkt. Asira, daktari wa magonjwa ya akili aliyetoka Marekani kuja kufanya kazi Tanzania. Mwanajuma Ali Hassan ni Maangamizi mwenyewe, bibi wa kale anayetoka upande wa wahenga. Na Lihamba ni Samehe, mgonjwa wa hospitali ya akili aliyekaa kimya miaka mingi, kimya ambacho mizizi yake iko utotoni.

Asiyejua kazi hii hudhani kucheza mtu asiyesema ni mteremko, maana huna mistari ya kukariri. Ukweli ni kwamba maneno ni mahali pa kujificha. Hisia ikikukimbia katikati ya sini, mstari unakubeba mpaka uikute tena. Ukiwa huna mstari, kila kitu kinaonekana: jicho lililochelewa, bega lililokazwa bila sababu, mkono usiojua ukae wapi. Mwenzako anazungumza, na wewe unatakiwa ulisikie kila neno lake upya, hata kama sini imesharudiwa mpaka watu wa taa wamechoka. Na sisi sanaa yetu ya maonyesho imelelewa na mdomo. Tuna majigambo, tuna ngonjera, tuna vichekesho, tuna taarab yenye mafumbo ya kumchoma jirani. Mwigizaji wa Kiswahili akikosa la kusema huona amenyang'anywa silaha. Lihamba alipewa nafasi isiyo na silaha hiyo, akasimama nayo mbele ya kamera akiwa mtu mzima, mwalimu wa chuo kikuu, aliyezoea kupaza sauti imfikie mtu aliyekaa kiti cha mwisho kabisa ukumbini.

Kuna jambo jingine kuhusu Samehe ambalo kila nikilifikiria nazidi kumheshimu mama huyu. Angalieni nafasi wanazopewa wanawake waliopita umri wa ubibi harusi katika filamu na tamthilia zetu. Mama mkwe mkorofi. Mchawi. Bibi wa kijijini anayeshangaa lifti. Na mgonjwa wa akili kwetu mara nyingi ni wa kuchekesha: nguo zimechanika, nywele timutimu, anaokota makopo, watazamaji wanacheka. Ingekuwa rahisi sana Samehe kuangukia huko. Badala yake tunapata mwanamke mwenye maisha kamili ndani yake, anayeheshimiwa na hadithi kuanzia mwanzo. Uamuzi huo ni wa mwandishi na waongozaji pia, ila anayeutia mwili ni mwigizaji. Nawashauri vijana wangu waitazame mara ya pili wakiwa wamezima sauti.

Sasa, kwa nini mwigizaji wa kiwango hicho ana filamu chache? Angalieni miaka aliyokuwa kazini. Kampuni ya Filamu Tanzania iliundwa mwaka 1968, ikawa mali ya serikali, na filamu ndefu za hadithi zilizotengenezwa nchini katika miaka iliyofuata ni za kuhesabu kwa vidole. Zanzibar ilipata televisheni miaka ya 1970. Tanzania Bara tulisubiri hadi mwaka 1994. Mwigizaji wa Bara alikuwa na redio na alikuwa na jukwaa, basi. Pwagu na Pwaguzi walijulikana nchi nzima kwa sauti tu, wengi wetu hatukujua sura zao. Lihamba alikuwa na miaka 50 televisheni ilipofika. Katika nchi yenye kamera nyingi angekuwa mmoja wa wale waigizaji ambao kila mwongozaji anawatafuta, anayeingia dakika kumi akiwa shangazi au hakimu au muuguzi wa zamu ya usiku, na ukitoka ukumbini unamkumbuka yeye kuliko mchumba aliyekuwa kwenye kava.

Jukwaa ndilo lililompata. Na jukwaa la miaka ile lilikuwa na moto. Azimio la Arusha la mwaka 1967 lilikuta watu tayari wana ngoma zao na ngano zao, likaongeza ngonjera na maigizo ya siasa katika kila shule na karibu kila kiwanda. Pale Mlimani, Chuo Kikuu cha Dar es Salaam, sanaa za maonyesho zilikuwa zimeshaanza kufundishwa. Ebrahim Hussein alitoa Kinjeketile mwaka 1969. Penina Muhando, ambaye wengi wanamjua pia kama Profesa Penina Mlama, akatoa Hatia mwaka 1972, kisha tamthilia moja baada ya nyingine. Lihamba ni wa kizazi hicho hicho na aliandika nao bega kwa bega: Harakati za Ukombozi ya mwaka 1982 ina majina matatu, Penina Muhando, Ndyanao Balisidya na yeye. Hebu fikirieni, wanawake watatu wa Kitanzania wanakaa pamoja kuandika tamthilia moja ya historia ya nchi yao. Sijui kwa nini picha ya kazi ile haijachorwa kwenye ukuta wa shule hata moja ninayoifahamu.

Masomo yake nitayapita haraka. Mwaka 1985 alipata shahada ya uzamivu katika Chuo Kikuu cha Leeds, Uingereza, kwa utafiti kuhusu siasa na sanaa za maonyesho Tanzania baada ya Azimio. Akawa profesa, akawa mkuu wa kitivo. Alikuwa mmoja wa wahariri wa kitabu kikubwa kilichotoka mwaka 2007, kilichokusanya maandishi, nyimbo na masimulizi ya wanawake wa Afrika Mashariki. Hayo yote yameandikwa mahali, na mwenye kutaka atayapata.

Kisichoandikwa vya kutosha ni Malya.

Malya ni kijiji cha Usukumani, Kwimba, mkoa wa Mwanza. Mwanzoni mwa miaka ya 1980 walimu watatu wa Mlimani, Mlama, Lihamba na Eberhard Chambulikazi, walikwenda huko kufanya jambo ambalo kwa mwigizaji aliyezoea kupigiwa makofi ni gumu sana: kwenda kijijini bila mchezo. Kabla ya hapo vikundi vilikuwa vinapeleka maonyesho vijijini yakiwa yamekamilika. Lori linafika, ngoma inapigwa, wanakijiji wanaambiwa wachimbe vyoo au walime kwa mistari, lori linaondoka. Malya walikwenda mikono mitupu, wakauliza. Wazee waliulizwa, wanawake waliulizwa, vijana waliulizwa nini kinawasumbua. Moja ya mambo yaliyojitokeza ni mimba za wasichana wadogo. Kisha wanakijiji wenyewe, hasa vijana, wakaligeuza jambo hilo kuwa ngoma na igizo kwa njia walizozijua wao, wakaonyesha mbele ya kijiji, na baada ya onyesho watu wakakaa kujadiliana.

Wenye taaluma wanaiita sanaa ya maonyesho kwa maendeleo. Mimi kinachonigusa ni nafasi ya mwigizaji ndani yake. Hapo hachezi yeye. Anamfundisha mwingine kucheza, tena mtu ambaye hajawahi kujiita msanii, halafu anakaa chini kwenye mchanga pamoja na watazamaji. Jina lake halitangazwi mwisho. Mtoto wa pale akikumbuka siku ile atamkumbuka binamu yake aliyecheza baba mkali. Mtu aliyesoma na kufundisha jukwaa, aliye na uwezo wa kujaza ukumbi yeye mwenyewe, anachagua kazi hiyo kwa sababu anaamini inafaa zaidi. Nimekutana na waigizaji wengi wazuri. Wanaoweza hilo ni wachache mno.

Njia ya Malya ndiyo iliyokuja kunifikia mimi, bila mimi kujua jina la kijiji hicho.

Mwaka 1996 Mlama na Lihamba na wenzao wa Mlimani walianzisha Tuseme katika shule za sekondari. Wazo lilikuwa lile lile la kuuliza kwanza, ila safari hii waliokuwa wanaulizwa ni wasichana. Kwa nini wanafeli, kwa nini wanaacha shule, kwa nini wakipata shida hawasemi. Klabu zikaundwa shuleni, wasichana wakawa wanachunguza wenyewe matatizo yao, wanayachambua, wanayatengenezea igizo, ngoma au shairi, wanayaonyesha mbele ya walimu na wenzao, na kisha kunakuwa na majadiliano ya nini kifanyike na nani akifanye. Baadaye FAWE, jumuiya ya wanawake wa Afrika inayoshughulikia elimu ya wasichana, yenye makao yake Nairobi, iliuchukua mpango huo na kuupeleka katika nchi nyingine za Afrika.

Mimi nilikuwa kidato cha pili, shule ya bweni ya wasichana ambayo sitaitaja. Mwalimu aliyekuwa mlezi wa klabu yetu alikuwa amepita Mlimani, akiwa mwanafunzi wa watu hawa. Tulimwita Mwalimu tu, kana kwamba wengine wote wana majina na yeye ana cheo. Sikuwahi kufundishwa na Profesa Lihamba darasani, na nilichokipata kwake kilipita mikononi mwa mwanamke huyo.

Hatua ya kwanza ilikuwa madaftari. Kila mwanachama alipewa daftari dogo, akatumwa kuuliza wenzake bwenini nini kinamzuia kusoma, na kuandika bila kutaja jina la mtu. Tuliporudi na madaftari tukayasoma kwa sauti darasani, viti vimesogezwa ukutani, mambo mawili yalikuwa yanarudi kila ukurasa. La kwanza ni giza kati ya bweni na vyoo. La pili ni kuitwa nyumba za walimu wakati wa prepo, ufue, upike, ubebe maji, na kesho yake mtihani unakusubiri. Kila mmoja wetu alikuwa analijua jambo hilo. Tulikuwa hatujawahi kulisikia likisomwa kwa sauti, moja, mbili, tano, kumi, kwa mwandiko wa watu tofauti.

Tukatengeneza igizo. Mimi nilitaka kucheza mke wa mwalimu, yule anayetoa amri, kwa sababu alikuwa na maneno mengi na nilikuwa na sauti. Mwalimu akanipa msichana wa ndoo. Msichana wa ndoo hakuwa na mstari hata mmoja. Kazi yake ilikuwa kupita jukwaani na maji, kutua, kusikia anayosemwa, kujitwika tena, kuondoka. Siku ya kwanza ya mazoezi nilibeba ndoo tupu. Mwalimu akasimamisha mazoezi, akanituma bombani nikaijaze mpaka juu. Nilirudi shingo imekaza, hatua fupi, maji yananidondokea begani, jicho moja chini kwenye ngazi ya jukwaa. Akaniambia, "Umeona? Sasa huhitaji kutuonyesha kwamba ni nzito." Kisha akaniambia jambo ambalo nimelirudia kwa watoto wa watu mpaka leo: kwamba mwigizaji asiye na maneno ndiye anayewaambia watazamaji waelekee wapi, kwa sababu watazamaji humtazama anayesikiliza ili wajue wahukumu vipi anayesema.

Niliposhuhudia Samehe kwa mara ya kwanza, miaka mingi baadaye, nilitambua somo lile lilitoka wapi.

Siku ya onyesho walimu walikaa mstari wa mbele. Sini ya ndoo ilipita mara tatu katika igizo, kila mara msichana amechoka zaidi, na mara ya tatu ndoo ilichuruzika kwa sababu mikono yangu ilikuwa inatetemeka kweli. Ukumbi mzima ulinyamaza. Kisha msichana mmoja wa kidato cha kwanza, mdogo, aliyekaa nyuma, akaanza kulia, na wenzake wakaanza kupiga meza. Katika majadiliano walimu wawili walisema tumewadhalilisha. Mwalimu hakututetea. Alimpa nafasi kiranja wa klabu, msichana wa kidato cha tatu, ajibu yeye, na kiranja akafungua madaftari akaanza kusoma. Hakuongeza neno lake hata moja.

Baada ya siku ile ilitoka amri kwamba hakuna mwanafunzi atakayeitwa nyumbani kwa mwalimu wakati wa prepo. Ilifuatwa, kwa sehemu. Taa ya njia ya vyoo haikuwekwa mpaka mimi namaliza shule. Nayasema yote mawili kwa sababu nimesoma taarifa za miradi zinazosimulia maigizo kama dawa ya Loliondo, unakunywa kikombe unapona. Igizo letu lilifanya jambo dogo na la kweli: wasichana walioketi ukumbini walijua sasa kwamba lipo tatizo lenye jina, na kwamba likisomwa kutoka kwenye daftari mbele ya watu wazima, mbingu hazianguki.

Naamini, na nalisema bila kuogopa kupingwa, kwamba hizi ndizo kazi za Amandina Lihamba zinazostahili kuandikwa kwenye orodha moja na filamu. Tumezoea kumpima mwigizaji kwa majina ya filamu yaliyopangwa kwa miaka. Orodha kama hiyo kwake ni fupi, na kijana anayeiona mtandaoni anahitimisha kwamba huyu mama aligusa sanaa kidogo akaenda kufundisha. Ila igizo la Malya lilikuwa na waongozaji. Maonyesho ya Tuseme yalikuwa na watu walioyabuni, wakayajaribu, wakayarekebisha, wakafundisha walimu, nao walimu wakatufundisha sisi kubeba ndoo iliyojaa. Hizo ni kazi za sanaa, zilihitaji jicho lile lile na sikio lile lile, na watazamaji wake walikuwa watu ambao hakuna ukumbi wa sinema uliowahi kuwafikia. Ni vilevile kwa watoto wadogo: yeye ni miongoni mwa waanzilishi wa mradi wa sanaa za maonyesho kwa watoto uliotoka pale pale Mlimani, kabla hata ya Tuseme kuwa na jina.

Kikundi chetu kinafanya mazoezi Jumamosi mchana katika chumba cha ofisi ya serikali ya mtaa, mwenyekiti akiwa hana kikao. Wengi ni wanafunzi wa sekondari, wengine wamemaliza na wanasubiri riziki, na yuko mama mmoja wa makamo anayeuza maandazi asubuhi, ambaye ndiye mwigizaji wetu bora. Wanakuja wakiwa wamejifunza kuigiza kutoka kwenye tamthilia za televisheni. Maana yake wanakuja wakipiga kelele. Hasira kwao ni sauti juu, huzuni ni kilio cha kwikwi, mapenzi ni kukodoa macho. Kazi yangu ya miezi ya kwanza ni kuwatuliza. Nawaketisha wawili wawili, mmoja anasimulia jambo lililompata kweli wiki hiyo, mwingine anasikiliza tu, na sisi wengine tunamtazama anayesikiliza. Mwanzoni wanacheka. Wiki ya tatu hivi hawacheki tena, kwa sababu wameshaona kwamba uso wa anayesikiliza unabadilika bila mwenyewe kupanga, na kwamba huwezi kuughushi.

Mama wa maandazi hakuhitaji zoezi hilo. Mtu aliyesimama kwenye kibaraza miaka yote akisikia matatizo ya wateja ameshasoma. Nilimpa nafasi ya bibi anayengoja kwenye benchi la hospitali, kando kabisa, wakati vijana wawili wanagombana katikati ya jukwaa. Aliifungua kanga yake, akaikunja upya, akaifungua tena, bila kuwatazama hata mara moja. Kila aliyekuwepo chumbani alikuwa anamtazama yeye. Nilipomuuliza amejifunza wapi hilo la kanga, alijibu kwamba wodini mtu hana kazi nyingine ya mikono.

Huyo ndiye mwigizaji ambaye Bongo Movie ingempa nafasi ya mchawi. Nasema hili kwa uchungu, kwa kuwa naipenda Bongo Movie na najua watu wake wanafanya kazi katika mazingira magumu, siku chache za kurekodi, fedha kidogo, wizi wa kazi zao. Lakini watayarishaji wakitaka kujua nyuso za watu wazima zipo wapi, zipo kwenye vyumba kama chetu, mikoani, na zinahitaji mtu wa kuzilea. Malezi hayo hayana njia ya mkato. Yanapita kwa mtu kukaa na mtu, Jumamosi baada ya Jumamosi, mwaka baada ya mwaka, kama yalivyopita Mlimani kwenda kwa Mwalimu wangu na kwa Mwalimu kuja kwangu.

Kwa sasa tunasoma Hawala ya Fedha, tamthilia ya Lihamba ya mwaka 1980, aliyoitoa kwenye hadithi ya Sembène Ousmane wa Senegal. Nakala yetu ni ya kudurufu, imefifia, kurasa nyingine tumeandika upya kwa mkono. Hadithi ya Sembène inahusu mzee anayetumiwa fedha kwa hawala na ndugu aliyeko Ulaya, halafu anazunguka ofisi hadi ofisi akishindwa kuzichukua kwa sababu hana kitambulisho. Niliogopa kwamba vijana wataiona ya kale, fedha za posta, makarani, mihuri. Kijana mmoja alisoma kurasa za mwanzo akasema, "Hii si habari ya NIDA na laini?" Alimaanisha kitambulisho cha taifa na usajili wa laini za simu. Wakaanza kusimulia kila mtu ya kwake: bibi ambaye alama za vidole hazisomi kwa sababu ya jembe, kaka aliyefungiwa laini yake yenye fedha ndani, shangazi anayetumia laini ya jirani na jirani amehama. Tukafanya kama kule Malya na kama kule shuleni kwetu. Tukaandika yote kwenye madaftari kabla ya kugawa nafasi. Nafasi ya mzee wameigombea watatu. Nafasi ya mke wake, anayebaki nyumbani akiwajibu wakopeshaji, nimempa msichana mwenye sauti kubwa kuliko wote, na mistari mingi ya igizo letu nimeielekeza kwa wakopeshaji. Amenuna. Tutaendelea naye.

Ninachohitaji kutoka kwenu mnaosoma ni hiki. Walio wengi kati ya wasichana wa klabu za kwanza za Tuseme leo ni mama zetu wa nyumbani, wauguzi, walimu, madiwani, na wengi wana masanduku. Kama una skripti ya igizo lenu, daftari la uchunguzi, picha ya tamasha, kanda ya kaseti au ya video, usiitupe na usiiache panya waile. Kama ulikuwa Malya au una mzazi aliyekuwepo, mketishe umrekodi kwa simu akusimulie nani alicheza nini na watu walibishana vipi baada ya onyesho. Idara pale Mlimani na maktaba za mikoa ndizo mahali pa kuanzia kuulizia namna ya kuhifadhi. Na kama unaishi karibu na Morogoro, njoo nayo Jumamosi. Vijana wangu wana maswali ya kazi ambayo vitabu havijibu: mlipangaje jukwaa bwaloni bila taa, mlimpataje wa kucheza mwalimu mkali bila kumfanya kichekesho, na mlifanya nini pale mkuu wa shule aliponyanyuka katikati ya onyesho akataka kuondoka.